Vitabu vya uigizaji nilivyovitumia na kikundi changu, na kile ambacho sikitoi tena mkobani

Kwenye kila kikundi cha maigizo utakuta mtu anauliza: ninunue kitabu gani nijifunze kuigiza? Mimi humrudishia swali. Watazamaji wako wanakaa kimya, au wanajibu? Vitabu vingi vya uigizaji vinavyouzwa vimeandikwa kwa ajili ya ukumbi wenye viti, taa zinazozimwa, na watu waliolipa kiingilio kisha wakanyamaza. Sisi tunaigiza viwanja vya wazi huku Temeke, mchana kweupe, bodaboda zikipita pembeni, na mama aliyetoka sokoni akisimama na kapu lake kumwonya mhusika: "Usimfungulie mlango huyo, mwongo!" Kitabu kisichojua la kufanya na mama huyo, kwangu kina kasoro, hata kama dunia nzima inakisifu.

Nitavitaja vile tu nilivyovitumia kwenye mazoezi. Vya kusoma na kuweka sina haja navyo hapa.

Nianze na babu yao. An Actor Prepares ni cha Konstantin Stanislavski, Mrusi aliyeanzisha Moscow Art Theatre mwaka 1898 akiwa na Nemirovich-Danchenko. Kilitoka kwa Kiingereza 1936, kabla hata Warusi hawajakipata kwa lugha yao. Kimeandikwa kama shajara ya mwanafunzi aitwaye Kostya, na mwalimu wake, Tortsov, ni Stanislavski mwenyewe kwa jina la kupanga. Hapo ndipo penye raha yake na uchovu wake: kinasomeka kama hadithi, lakini ukitaka zoezi moja la jioni ya leo itabidi uvuke kurasa kibao za wanafunzi wakibishana.

Mwanzoni kabisa Kostya anafanya mazoezi ya Othello, mhusika mweusi wa Shakespeare, chumbani kwake. Anajipaka chokoleti usoni ili awe mweusi, anatoa macho, anaonyesha meno, anarukaruka. Nilipowasimulia vijana wangu walicheka mpaka basi, kisha mmoja akauliza, kwani Othello si alikuwa jemadari? Na hicho ndicho Tortsov anachomkaripia nacho baadaye: ameigiza mtu mweusi wa jumlajumla, aliyemwokota kichwani mwake, hakumwangalia aliyeandikwa na Shakespeare. Sisi nasi tuna akina Kostya wetu. Mpe mtu nafasi ya mzee wa kijijini uone: mgongo unapinda, sauti inakwaruza, mkono unatetemeka, na hajajua bado mzee huyo ametoka nyumbani kutafuta nini.

Zoezi lililolipa gharama ya kitabu kizima ni la pini. Msichana mmoja, Maria, anaambiwa apande jukwaani atafute pini ya thamani iliyochomekwa kwenye mikunjo ya pazia. Anakimbia huku na huku, anajishika kichwa, anajipiga kifua, anatapatapa, anashuka akiwa amefurahi sana na nafsi yake. Tortsov anamuuliza: pini iko wapi? Alikuwa ameisahau. Anarudishwa, safari hii ameambiwa asipoipata hana nafasi tena shuleni. Sasa anatafuta kweli: anapekua mkunjo mmoja baada ya mwingine, taratibu, bila kujipiga kifua, na kila mtu anamtazama yeye tu.

Tulilifanya kwa laini ya simu iliyofichwa darasani. Mwanzo ilikuwa vurugu ya mikono kichwani, kama ilivyotarajiwa. Tulipomwambia dada yule kwamba asipoiona laini nauli ya kurudi Mbagala ni juu yake, alipiga magoti akaanza kupapasa chini ya madawati, akanyanyua hata mkoba wa mwenzake bila kuomba ruhusa. Mpaka leo mtu akizidisha vilio mazoezini, wenzake humuuliza tu: pini iko wapi? Anajua.

Ila sura za duara la umakini, pale mwigizaji anapofundishwa kujisikia yuko peke yake mbele za watu, hizo uwanjani zimetukwamisha. Kwa kamera ni dawa, na kama unaigiza filamu zisome mara mbili. Lakini mwigizaji anayejifanya hakusikia "mwongo huyo!" wakati uwanja mzima umesikia na unacheka, anaonekana kiziwi, na watu wanaanza kumwigiza yeye. Kama una uwezo, usinunue toleo hilo la 1936, lililopunguzwa sana. Tafuta An Actor's Work, tafsiri ya Jean Benedetti ya 2008, iliyounganisha kitabu hicho na cha pili yake. Ni kizito kama tofali lakini kinaeleweka zaidi.

Sasa nije kwa Augusto Boal. Huyu ni Mbrazili aliyezaliwa 1931. Utawala wa kijeshi ulimkamata na kumtesa mwaka 1971, akaishia uhamishoni Argentina. Kitabu chake chenye jina kubwa ni Theatre of the Oppressed, na wengi hukinunua hicho wakakwama, kwa sababu nusu ya kwanza ni ugomvi wake na Aristotle na wanafalsafa wengine. Ugomvi mzuri, lakini haukusaidii jioni ukiwa na vijana wanaosubiri kuambiwa la kufanya. Cha kununua ni Games for Actors and Non-Actors, kilichotoka kwa Kiingereza 1992. Hicho ndicho kinachokaa mkobani. Nakala yangu imelegea gundi, ina vumbi la uwanjani na doa la chai kwenye jalada.

Ni michezo mitupu, mmoja baada ya mwingine. Mfano, mtu ananyoosha kiganja mbele ya uso wa mwenzake, umbali wa shubiri hivi, na mwenzake lazima uso wake ufuate kiganja kile popote kiendako bila kuongeza wala kupunguza umbali. Siku tuliyoanza, kaka mmoja mrefu kupita sisi wote, ambaye hata kukaa chini hakutaka asichafue suruali, aliongozwa na binti mdogo wa kikundi. Binti hakusema neno. Alishusha kiganja polepole mpaka kaka yuko magotini, akakipitisha chini ya dawati, akakitoa upande wa pili, akampandisha tena. Kaka aliinuka anahema, suruali imejaa chaki, na bila mtu kumfundisha akasema: sasa najua mfanyakazi wa ndani anavyojisikia. Tulipata igizo zima kutokana na kauli hiyo.

Lakini sababu kubwa ya kumpenda Boal ni kwamba yule mama wa kapu anamkaribisha jukwaani. Igizo linachezwa mara ya kwanza hadi mwisho wake mbaya. Kisha linarudiwa, na mtazamaji yeyote anaweza kulisimamisha, akachukua nafasi ya mhusika aliyeonewa, akajaribu njia yake. Sisi tulicheza la mikopo ya kausha damu, ile ya mitaani yenye riba kubwa: muuza vitumbua kakopa, rejesho limemshinda, wanakuja kubeba godoro na televisheni. Kwenye marudio mama mmoja alimkabidhi jirani mtoto, akajifunga khanga kiunoni, akaingia. Hakulia wala hakuomba muda. Alimwambia mkopeshaji: "Fungua daftari lako nikusomee nilichokulipa." Akaanza kuhesabu kwa vidole, rejesho moja moja. Mwigizaji wetu wa ukopeshaji, kijana mwenye mdomo kwelikweli, akabaki anameza mate.

Hapo baba mmoja kutoka nyuma akapinga: "Mama, wale hawaji na daftari, wanakuja na mabaunsa." Na Boal anataka hivyohivyo. Anasisitiza kwamba kiongozi wa mchezo asipokee suluhisho la miujiza. Awaulize watu wenyewe kama jambo hilo linawezekana kweli. Mjadala uliendelea mpaka giza likaingia, na tulijifunza kuhusu kausha damu mambo ambayo mwandishi wetu hakuyajua.

Kasoro anazo. Hafundishi sauti, na bila sauti uwanja wa wazi unakumeza. Michezo ni mingi mno na haina mpangilio unaomwambia mwalimu aanzie wapi. Tena njia yake inawakera wafadhili. Mmoja aliwahi kututaka tumalize igizo kwa kusoma ujumbe alioandika yeye ofisini kwake, na akashangaa kuona watu wameshaondoka. Ukitaka kuona jambo kama hili likifanyika kwetu, na matatizo yake yakiandikwa bila kupakwa sukari, msome Penina Mlama, Culture and Development: The Popular Theatre Approach in Africa, cha 1991. Sehemu ya kijiji cha Malya, kazi aliyoifanya na wenzake wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam miaka ya themanini mwanzoni, ni ya kusoma na kalamu mkononi. Wanakijiji pale ndio waliotaja tatizo na ndio waliocheza.

Impro ya Keith Johnstone, Mwingereza aliyefanya kazi kwenye ukumbi wa maigizo wa Royal Court, London, kabla ya kuhamia Calgary, Kanada, ilitoka 1979, na kwa vichekesho haina mpinzani. Ana sura nzima juu ya hadhi: kila watu wawili wakikutana, kuna anayejipandisha na kuna anayejishusha, na vichekesho vinazaliwa pale mizani inapogeuka. Mifano yake ni ya mabwana na watumishi wa Kizungu, nikaibadilisha. Niliwaambia vijana: igizeni shikamoo tu, maneno mengine hakuna. Kijana anamwamkia mzee, mzee anachelewesha marahaba. Bosi kijana anaamkiwa na mlinzi aliyemzidi umri, naye anaipokea bila haya. Mdaiwa anampa shikamoo mtu wa rika lake. Hiyo ya mdaiwa iliwavunja watu mbavu, na hatukuwa tumeandika hata mstari. Mwigizaji wa vichekesho asiyekisoma kitabu hiki ananyimwa chakula chake.

Sura ya kusimulia hadithi nayo ni nzuri kuliko vitabu vingi vya uandishi wa tamthilia. Anasema msimulizi ni kama mtu anayetembea kinyumenyume: haoni aendako, anaona alikotoka, na hadithi inakamilika anapokumbuka kile alichokitupa mwanzo akakirudisha. Bibi zetu walilijua hilo. Kisu kikitajwa mwanzo wa ngano, jua kitahitajika. Sura ya mwisho, ya vinyago na kupagawa, niliiacha. Isomwe na mwenye mwalimu wa kumsimamia.

Cha Peter Brook, mwongozaji wa maigizo Mwingereza, The Empty Space, 1968: kitamu, kifupi, na hutafanya nacho zoezi hata moja. Kisome ndani ya daladala. Kinachonifurahisha zaidi ni alichokifanya baadaye. Mwaka 1972 alichukua waigizaji wake wakavuka Sahara kutoka Algeria hadi Nigeria, wakitandika zulia katikati ya kijiji na kuigiza juu yake. Kwenye zulia, mama wa kapu yuko hatua moja tu.

Nimeviacha vya Kiswahili mpaka hapa kwa sababu vinauma kidogo. Fasihi na Sanaa za Maonyesho cha Penina Muhando (ndiye huyo Penina Mlama) na Ndyanao Balisidya, Tanzania Publishing House, 1976, ndicho kinachokueleza kwamba ngoma, utambaji, jando na majigambo ni maonyesho yenye kanuni zake, na hayasubiri pazia wala taa. Baada ya kukisoma niliacha kuwaambia watazamaji "tulieni tuanze". Tunaanza kwa ngoma, watu wanajipanga wenyewe. Si kitabu cha mazoezi, na kama wewe ni mwigizaji mchanga utaona kimekaa kidarasa mno. Mimi nilikipata kwa mtumba baada ya kuzunguka sana.

Kwa anayetaka kutamba hadithi jukwaani peke yake, mwalimu wake ni Ebrahim Hussein, japo hakuandika kitabu cha mafunzo. Chukua Jogoo Kijijini na Ngao ya Jadi, vilivyotoka pamoja 1976. Ni kazi za mtambaji, si za kundi la wahusika wanaopokezana mistari. Usizisome kimya. Simama, sema kwa sauti, utasikia mwenyewe pale pumzi inapotakiwa kukatwa na pale hadhira inapoachiwa nafasi yake. Kinjeketile yake wengi wameisoma shuleni kwa ajili ya mtihani, wakachoka. Hizi mbili hazijachafuliwa hivyo.

Kwa hiyo mwenye hela ya kitabu kimoja anunue Games for Actors and Non-Actors. Cha pili kiwe Impro, hasa kama mnafanya vichekesho. Stanislavski awe wa tatu, na awe wa kwanza kwa wale wa filamu. Vya Kiswahili vinunue siku yoyote utakayoviona, usiseme utarudi kesho.

Jambo la mwisho kuhusu kununua: nakala za kurudufu zimejaa. Yangu ya Impro niliagiza mtandaoni, ikaja na kurasa za sura ya hadhi zimepigwa kopi hafifu, mistari ya chini imekatwa, na muuzaji simu hapokei tena. Kabla hujatuma pesa mwambie akupigie picha ya ukurasa wa katikati, si jalada. Jalada huwa zuri siku zote.