Tathmini: Stanford Encyclopedia of Philosophy kwa anayetafuta maana ya semiotiki

Ukiitafuta semiotiki katika kamusi ya kawaida utaambiwa ni taaluma ya ishara, basi. Jibu hilo ni sahihi, lakini huwezi kuandika nalo hata aya moja ya insha ya isimu au fasihi. Halikuambii ishara ina sehemu ngapi, wala nani alizigawa, wala kwa nini mwandishi mmoja anasema semiotiki na mwingine semiolojia. Hapo ndipo wengi hukimbilia Stanford Encyclopedia of Philosophy. Ni kimbilio zuri, mradi ujue mapema kwamba utapata upande mmoja wa neno hili. Upande huo utaupata kwa kina ambacho huduma nyingine za bure hazikifikii.

Ensaiklopidia hii ilianzishwa mwaka 1995 katika Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, chini ya uhariri wa Edward Zalta. Kuisoma ni bure na huhitaji kujisajili. Kila makala ina mwandishi wake aliyebobea, na wahariri huipitia kabla haijatoka. Lugha ni Kiingereza, tena Kiingereza cha falsafa, chenye sentensi ndefu. Mwenye Kiingereza cha mazungumzo tu atatoka jasho.

Usiingie kwa neno semiotics peke yake, kwa sababu neno hilo limetapakaa katika makala nyingi zisizolifafanua. Andika Peirce (mwanafalsafa Mmarekani aliyeunda nadharia ya ishara) na signs kwenye kisanduku cha kutafutia, kisha ufungue makala iitwayo Peirce's Theory of Signs, iliyoandikwa na Albert Atkin na kuwekwa kwa mara ya kwanza mwaka 2006. Ipo nyingine inayobeba jina zima la Charles Sanders Peirce, inayohusu maisha yake na falsafa yake kwa jumla. Hiyo iache kwanza. Ukianza nayo utazama kwenye mantiki na hisabati kabla hujaiona ishara hata moja.

Nguvu ya makala ya Atkin ni mpangilio wake. Peirce, aliyezaliwa mwaka 1839 na kufariki mwaka 1914, alibadilisha nadharia yake mara kadhaa, na vitabu vingi vya utangulizi huyachanganya mawazo yake ya ujana na ya uzee kana kwamba aliyaandika siku moja. Hapa yametenganishwa kwa vipindi: ya 1867 hadi 1868, ya 1903, na ya 1906 hadi 1910. Kabla ya vipindi hivyo kuna sehemu fupi inayoeleza umbo la msingi la ishara. Hiyo isome mara mbili, kwani ndiyo inayobeba makala nzima. Inasema ishara ni uhusiano wa pande tatu: kile kinachowakilisha, kitu kinachowakilishwa, na interpretanti.

Neno interpretanti ndilo linalowaangusha wasomaji wengi zaidi. Wanadhani ni mtu anayefasiri, kumbe ni kile ambacho ishara inakizaa: uelewa, hisia au tendo. Kamanda akitoa amri na askari wakashusha silaha, kule kushusha silaha ni interpretanti ya amri ile. Mwandishi anayesema kwamba kwa Peirce ishara ina "msomaji" ndani yake ameshakosea tangu sentensi ya kwanza, na kila atakachojenga juu yake kitayumba.

Sehemu ya mwaka 1903 ndiyo yenye faida kubwa kwa mwenye kazi ya kuandika. Humo mna ikoni, indeksi na simboli. Ikoni hufanana na kinachowakilishwa. Indeksi imefungamana nacho kwa tukio au kwa sababu, kama moshi na moto au unyayo na aliyepita. Simboli hutegemea kanuni au mazoea, kama maneno. Watu wengi huishia hapo, wakayageuza makundi haya kuwa masanduku matatu na kuanza kupanga vitu: picha sanduku hili, alama za barabarani lile. Makala inakuzuia usifanye hivyo, kwa sababu kinachopangwa ni namna ya kuwakilisha, wala si kitu chenyewe. Kipimajoto cha zebaki kinatosha kulithibitisha hilo. Zebaki inapanda kwa sababu joto limepanda, na hiyo ni indeksi. Namba zilizochorwa kando yake ni kanuni ya watu, hizo ni simboli. Urefu wa zebaki kuongezeka kadiri joto linavyoongezeka una sura ya ikoni. Vyote vitatu vimo katika kifaa kimoja, na uchambuzi mzuri husema kila kimoja kinafanya kazi gani.

Kisha yanakuja madaraja kumi ya ishara, na hapa ndipo msomaji asiye na kalamu hupotea. Peirce anauliza maswali matatu kuhusu kila ishara, na kila swali lina majibu matatu. Swali la kwanza linahusu ishara yenyewe: ni sifa tupu, ni kitu au tukio moja, au ni kanuni ya jumla? La pili linahusu uhusiano wake na kitu: ikoni, indeksi au simboli? La tatu linahusu namna interpretanti inavyoichukulia: kama tamko lisilokamilika, kama kauli kamili inayoweza kuwa kweli au uongo, au kama hoja? Tatu mara tatu mara tatu ni 27. Mbona basi madaraja ni kumi?

Chukua karatasi, majibu ya kila swali uyape namba 1, 2 na 3 kwa mpangilio huo huo. Kanuni ni kwamba namba ya swali la pili haizidi ya swali la kwanza, na ya swali la tatu haizidi ya la pili. Sifa tupu haiwezi kuwa kauli kamili, kwa hiyo ukianza na 1 unapata njia moja tu: 1-1-1. Ukianza na 2 unapata tatu: 2-1-1, 2-2-1 na 2-2-2. Ukianza na 3 unapata sita: 3-1-1, 3-2-1, 3-2-2, 3-3-1, 3-3-2 na 3-3-3. Moja na tatu na sita ni kumi. Ukishayaandika kwa mkono wako hutayasahau, na jedwali la vitabuni halitakutisha tena. Nomino ya kawaida inaangukia 3-3-1, sentensi ya kutoa taarifa ni 3-3-2, hoja nzima ni 3-3-3.

Kanuni hiyo hiyo ndiyo inayoeleza idadi ya madaraja 66 utakayokutana nayo katika sehemu ya mwisho. Miaka ya baadaye Peirce aliongeza maswali hadi kumi, na kumi yakipitishwa kwenye kizuizi kile kile hutoa 66. Yakiwa sita hutoa 28. Kama kazi yako ni kuchambua tangazo au shairi, huhitaji kufika huko. Peirce mwenyewe hakuikamilisha sehemu hiyo, na wataalamu hadi leo hawajaafikiana jinsi ya kuyapanga maswali hayo kumi. Hata hivyo usiiruke yote. Tofauti kati ya kitu kama ishara inavyokionyesha na kitu kilivyo hasa ni silaha kali katika uchambuzi wa habari na picha, na maelezo yake ya hapa yanaeleweka.

Sasa upungufu. Makala ni ya Peirce peke yake, kama kichwa chake kinavyosema. Anayetaka matumizi ya neno semiotiki kwa upana atamkosa Ferdinand de Saussure, mwanaisimu wa Uswisi aliyependekeza semiolojia kama sayansi ya maisha ya ishara ndani ya jamii, katika mihadhara iliyochapishwa mwaka 1916, miaka mitatu baada ya kifo chake. Hili si pengo dogo. Kwa Saussure ishara ina pande mbili, kiashiria na kiashiriwa, yaani taswira ya sauti na dhana. Kitu cha nje hakimo. Ukichukua kiashiriwa cha Saussure ukakiita kitu cha Peirce, umechanganya dhana iliyo akilini na kitu kinachorejelewa. Kosa hilo limejaa katika tasnifu nyingi.

Baya zaidi ni neno simboli. Kwa Peirce simboli ni ishara inayosimama kwa kanuni. Saussure alilikwepa neno hilo kwa sababu iliyo kinyume kabisa: aliona simboli haiwi ya kinasibu kabisa, yaani isiyo na uhusiano wowote wa asili na kinachowakilishwa, kwani mizani ya haki haiwezi kubadilishwa ikawekwa gari badala yake. Kwa hiyo mwandishi akisema "simboli" bila kutaja anamfuata nani, sentensi yake inaweza kuwa sahihi na makosa kwa wakati mmoja. Makala hii haitakuonya juu ya hilo. Uwe na chanzo cha pili cha Saussure pembeni kabla hujaanza kuandika.

Historia ya neno nayo usiitarajie hapa. Asili yake ni Kigiriki, semeion, yaani alama au ishara, na kwa muda mrefu lilikuwa neno la waganga wanaosoma dalili za ugonjwa. Wanaosoma vyanzo vya Kifaransa wawe macho, maana huko semiolojia bado ni jina la somo la dalili katika vyuo vya udaktari. Mwanafalsafa Mwingereza John Locke alilichukua neno hilo la Kigiriki kwenye sura ya mwisho ya kitabu chake kikuu, kilichotoka Desemba 1689 kikiwa na tarehe ya 1690, na kuliita fundisho la ishara. Matumizi ya semiotiki kama jina la jumla la taaluma yalipata nguvu baada ya mwaka 1969, ilipoanzishwa jumuiya ya kimataifa ya taaluma hiyo. Kwa habari za namna hii kamusi ya etimolojia, yaani ya asili ya maneno, itakufaa zaidi.

Kwenye matumizi ya kila siku, makala inakufundisha jambo moja bila kulitangaza: neno hili hubeba kazi tatu. Semiotiki ni nadharia, ni mbinu ya kuchambua, na mara nyingine ni mfumo wenyewe wa ishara, kama mtu asemapo "semiotiki ya mavazi". Ukiandika, onyesha ipi unayoikusudia. Tendo lenyewe la ishara kufanya kazi huitwa semiosisi, halipaswi kuitwa semiotiki. Semantiki ni jambo jingine: katika mgawanyo wa mwanafalsafa Mmarekani Charles Morris wa mwaka 1938 ni tawi moja la semiotiki, linalohusu ishara na vitu, pamoja na sintaksia (ishara kwa ishara) na pragmatiki (ishara na wanaozitumia).

Kwa upande wa huduma yenyewe, kurasa ni nyepesi, hazina matangazo, na hufunguka hata kwenye simu na intaneti dhaifu. Orodha ya yaliyomo iko juu na kila kipengele kinabofyeka, kwa hiyo unaweza kurukia 1903 moja kwa moja. Nakala za PDF zilizopangwa vizuri ni za wanachama wanaochangia. Asiye mwanachama atahifadhi ukurasa kwa kivinjari chake, na inatosha.

Kuna tahadhari kwa wanaonukuu. Makala hurekebishwa, hivyo ukinukuu anwani ya kawaida msomaji wako anaweza kukuta maneno mengine. Bofya kiungo cha Author and Citation Info pembeni mwa makala. Kitakupeleka kwenye anwani ya toleo lililohifadhiwa, na toleo hilo halibadiliki tena. Matoleo hayo huwekwa mara nne kwa mwaka. Wasimamizi wengi wa tasnifu hurudisha kazi kwa sababu ya tarehe ya kufungua ukurasa iliyosahaulika, ilhali kiungo hicho kimoja kingelimaliza tatizo.

Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anayetaka maana ya haraka aanze na kitabu cha utangulizi cha lugha anayoimudu, kisha arudi hapa. Mwalimu, mtafiti na mhariri wa istilahi wasiikose. Mfasiri naye akae na daftari: neno lake la interpretanti alichague kabla ya kufika sehemu ya pili, maana baada ya hapo linajitokeza karibu kila aya, na akilibadilisha katikati ya njia itabidi aanze upya.