Diski tatu za Thelma Ritter: maoni ya muuguzi mstaafu

Nimenunua DVD tatu zilizotumika, shilingi 60,000 pamoja na gharama ya kuletewa hadi Tanga: Rear Window, All About Eve na Pickup on South Street. Mastaa wa filamu hizo mnawajua. Mimi niliyemfuata ni Thelma Ritter, mama wa Brooklyn, New York, aliyeigiza watumishi, wachuuzi na wauguzi, na kila akiingia namwangalia yeye tu.

Kwanza, tahadhari kwa wanunuzi. DVD hugawiwa kwa kanda, yaani maeneo ya dunia: za Marekani ni za kanda namba 1, na deki zilizotengenezwa kwa ajili ya nchi zetu ni kanda namba 5. Utaweka diski, deki itaikataa. Nimeazima deki ya mpwa wangu, inayosoma kanda zote. Diski ya All About Eve imekuja na mikwaruzo, inakwama katikati, na muuzaji hajanijibu mpaka leo. Hiyo nasubiri nipate nyingine ndipo niisemee. Inauma, maana humo Ritter ni Birdie, mtu wa kwanza nyumbani kumshtukia Eve, yule binti anayejifanya mnyenyekevu.

Rear Window ya 1954 picha yake safi, rangi zimekolea. Ritter ni Stella, muuguzi wa kampuni ya bima, anakuja kila siku kumhudumia mpiga picha aliyevunjika mguu. Nimefanya kazi hiyo miaka 31, wodini na majumbani, na nimeona waigizaji wengi wakishika mgonjwa kama wanaoshika glasi ya mtu mwingine. Stella anamchomeka kipimajoto mdomoni, anamwinua kutoka kwenye kiti cha magurudumu, anamlaza kifudifudi na kuanza kumkanda mgongo, huku anamsema kwa tabia yake ya kuchungulia majirani. Mgonjwa analalamika kwamba dawa ya kuchulia ni ya baridi. Anamjibu kwamba hiyo inaupa mzunguko wa damu kitu cha kupigana nacho. Nilisimamisha picha hapo, nikamwambia mama: huyu tumefanya naye kazi! Kila wodi ina dada wa namna hiyo, mkali wa mdomo, mikono yake haikosei.

Ritter alisomea uigizaji, akazunguka na vikundi vya jukwaani, halafu akaacha kwa muda ili alee watoto wawili. Filamu ya kwanza aliipata 1947, umri umeshavuka miaka 40: Miracle on 34th Street, mama aliyechoka na kutafutia mwanawe gari la zimamoto la kuchezea. Kipande kifupi, hata jina lake halikuandikwa, lakini kilimfungulia mlango. Baada ya hapo aliteuliwa mara 6 kwa tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi, mara 4 kati ya hizo mfululizo. Hakupewa hata moja. Jukwaani walimtendea haki: mwaka 1958 alipata Tony, tuzo ya michezo ya jukwaani ya Marekani, kwa mchezo wa New Girl in Town. Mimi kwa Moe peke yake ningempa Oscar.

Moe yumo katika Pickup on South Street ya 1953, nyeusi na nyeupe, diski nzima haina kasoro. Ni mama mtu mzima anayeuza tai mitaani na kuwauzia polisi habari za wezi wa mifukoni. Pesa zote anaweka akiba ya kaburi na mazishi ya heshima, kwa sababu anaogopa kuzikwa na serikali kwenye makaburi ya wasio na ndugu. Usiku mmoja anarudi chumbani, santuri inaimba, na muuaji yuko pale anataka aambiwe alipo kijana mmoja. Moe anakataa. Hapigi kelele, halii. Anaeleza tu jinsi alivyochoka, kwa sauti niliyoisikia kwa wagonjwa wa alfajiri, wakati dawa zimeisha nguvu na mtu hana tena sababu ya kujikaza. Kamera inaondoka kwake, inakwenda kwenye santuri, risasi tunaisikia tu.

Diski hazina maandishi ya Kiswahili, kwa hiyo nilimtafsiria mama yangu. Ana miaka 84 na hajawahi kuchelewesha mchango wa chama chake cha kufa na kuzikana. Kama mnataka kuanza na moja, anzeni na hii, na mkae na mtu mzima pembeni.

Risasi ilipolia mama alinishika mkono. Hakuuliza muuaji amekamatwa au la. Aliuliza, "Sasa huyu anazikwa na nani?" Nikamwambia asubiri. Tukaendelea mpaka yule kijana aliyefichwa na Moe alipokwenda kulichukua jeneza lake lisipelekwe kule alikokuogopa, na mama ndipo akauachia mkono wangu.