Nimehamia balbu za LED nyumba nzima, makosa niliyofanya haya hapa

Mi nilikuwa mtu wa balbu za zamani zile za uzi, wati 60 kila chumba, sikuona tatizo mpaka siku nimeshika moja ikiwa imetoka tu kuzimwa nkaungua vidole, ndo nkajiuliza hivi huu umeme nalipia taa au nalipia jiko? Na kweli bana, zile karibu umeme wote unaishia kwenye joto, mwanga wenyewe ni kiduchu.

Nikanunua LED. Kosa la kwanza, nkaona imeandikwa wati 9 nkasema hiki si kibatari hiki, nikabeba za wati 20, usiku ule sebule ikawa uwanja wa mpira. Kumbe wati ni umeme inaokula, mwanga unaangalia lumeni, ile ya zamani ya wati 60 ilikuwa inatoa lumeni kama 800 hivi na LED ya wati 8 mpaka 10 inafika hapo.

La pili rangi, na hili ndo lilinitesa. Nilichukua 6500K kila mahali (hiyo namba yenye K ndo inaonyesha rangi ya mwanga), nyeupe ya kubluu bluu, jikoni safi sana unaona mpaka unywele kwenye sinki, lakini chumbani utadhani umelazwa wodini. Nikabadilisha nikaweka 2700K ile ya kinjano, sasa nalala kama mtu.

Boksi linasema masaa 15,000, nyingi bado zinadunda ila ya bafuni iliyofungiwa ndani ya kava la kioo ilikufa miezi minne tu. Fundi akanambia joto halina pa kutokea, na hata kama LED haichemki kama za uzi, vile vidude vya umeme kwenye kitako chake haviwezi kukaa kwenye joto, so tafuta iliyoandikwa kabisa kwamba inafaa kwenye kava. Ya swichi ya dima, ile ya kupunguza mwanga, nayo ilikuwa inalia zzzz na kupepesa hadi nikapata inayokubali dima.

Enaji seva, zile za mirija ya kujikunja, sikuzitaka, zina zebaki kidogo ndani, ikipasuka ni shughuli, halafu zinachelewa kung'aa.

Stoo nimeiacha na balbu yake ya uzi, inawaka dakika mbili kwa wiki sasa niitoe ya nini. Na ya ndani ya oveni msiiguse, LED haiwezi ule moto.