Mwendokasi, njia ya Kimara: zege lipo, mabasi ndiyo hayatoshi

Kila mjadala wa mwendokasi, yaani mabasi ya haraka ya Dar es Salaam yenye njia yake ya peke yake, ukianza, watu hugawanyika mara moja. Wapo wanaotaka awamu nyingine zijengwe haraka, wapo wanaotaka daladala zirudishwe Morogoro Road, na wapo wanaosema kampuni inayoendesha ifukuzwe. Tumeipima huduma ya awamu ya kwanza kama abiria anavyoikuta, na hukumu yetu ni kwamba barabara ni nzuri kuliko mabasi yanayopita juu yake. Kinachokosekana kinahesabika.

Tuanze na kilichojengwa. Awamu ya kwanza ina urefu wa takribani kilomita 21 na vituo 27. Inatoka Kimara hadi Kivukoni, ikiwa na tawi la Morocco linalochepuka Magomeni na tawi la Gerezani linalochepuka kituo cha Fire. Ilianza kubeba abiria Mei 2016. Njia ya mabasi ni ya zege, imetengwa na magari mengine, na vituo vipo katikati ya barabara. Nauli inalipwa getini kabla ya kupanda, na sakafu ya basi inalingana na jukwaa, hivyo mzee, mama mwenye mtoto na mtu wa kiti cha magurudumu wanaingia bila kupanda ngazi. Kwenye vituo vingi kuna njia ya pili ya kupitana, ili basi lisilosimama hapo lisikwame nyuma ya linaloshusha. Miji mingi yenye mabasi ya aina hii haina njia hiyo ya pili. Kwa upande wa ujenzi tunatoa alama za juu bila kusita.

Sasa mabasi. Mpango wa awamu hii ulitaka mabasi 305. Huduma ilianza na 140 chini ya mtoa huduma wa mpito, UDART, na mpito huo ukageuka kuwa miaka. Mengine 70 yalipoletwa, yalikaa bandarini muda mrefu kwa mvutano wa kodi. Ndiyo maana anayesimama Kimara saa moja asubuhi akiona basi limejaa hadi mlangoni anakosea akidhani tatizo ni ubaya wa dereva au wa mkata tiketi.

Hesabu yenyewe ni hii. Chukua mfano wa safari ya dakika 45 kwenda na 45 kurudi, na dakika 10 za kugeuza kila mwisho: mzunguko ni dakika 110. Ukitaka basi kila baada ya dakika 2 unahitaji mabasi 55 barabarani, na kama sita ya akiba karakana. Basi refu la mita 18 likibeba watu 140, unasafirisha watu 4,200 kwa saa kwa upande mmoja. Sasa safari ikichelewa ikafika dakika 60, mzunguko unakuwa dakika 140. Kwa mabasi yaleyale 55, basi linakuja kila baada ya dakika mbili na nusu hivi, na uwezo unashuka hadi watu 3,300. Watu 900 wanabaki jukwaani kila saa, na hakuna basi hata moja lililoharibika. Yakifa mawili matatu kwa kukosa vipuri, ndipo watu wanapoanza kuingilia madirishani.

Kuchelewa huko kunatoka wapi? Kwanza ni makutano. Njia ni ya peke yake kati ya kituo na kituo, lakini kwenye taa basi linasubiri pamoja na wengine, na trafiki akiongoza kwa mkono upande mmoja unaweza kusimama dakika nyingi. Pili ni mabasi kufuatana. Basi lililochelewa linakuta watu wengi zaidi kituoni, linakaa zaidi kupakia, linazidi kuchelewa. La nyuma yake linakuta jukwaa tupu, linalifikia. Abiria anasubiri robo saa halafu yanakuja matatu kwa mpigo. Dawa yake ni chumba cha uongozaji kinachozuia basi la nyuma kwa dakika moja au mbili, na mabasi matupu yanayoingizwa njiani, Ubungo, badala ya yote kuanzia Kimara. Kwa gharama ndogo kiasi hicho, hatuoni sababu ya kutofanyika kila asubuhi.

Tatu ni Jangwani. Karakana iliwekwa kwenye bonde la Mto Msimbazi, na mwaka 2018 mafuriko yaliharibu mabasi. Mvua kubwa ikinyesha, barabara kati ya Magomeni na Fire hufungwa na njia hukatika vipande viwili. Siku ya mvua usipange safari ya Posta, katikati ya jiji, kwa kutegemea mwendokasi.

Wanaotaka daladala ziingie kwenye njia hii wakumbuke jambo moja la kiufundi. Kituo kipo katikati, yaani kulia kwa basi, na mlango wa daladala uko kushoto, chini ya kimo cha jukwaa. Daladala inaweza kusaidia kandokando au kwenye njia za mlisho kama Mbezi hadi Kimara, ila haiwezi kupakia kituoni. Pengo la mabasi linazibwa tu na mabasi yenye mlango wa kulia na sakafu ya kimo cha jukwaa. Kwa hiyo zabuni ya mtoa huduma inapaswa kutangulia au kwenda sambamba na ya mkandarasi wa ujenzi. Mbagala, kwenye awamu ya pili, wamelionja hilo: njia yao ya kilomita 20.3 ilikuwa na vituo tayari kwa muda mrefu kabla mabasi hayajaja.

Kwa anayepanda leo: soma kibao cha mbele, kwa kuwa si kila basi linasimama kila kituo. Anayekwenda feri ya Kigamboni achukue la Kivukoni. Wa Kariakoo achukue la Gerezani, au likichelewa apande la Kivukoni ashuke Fire, kwani kutoka hapo hadi madukani ni mwendo wa miguu. Ukiwa na mzigo mkubwa, epuka kabisa asubuhi kuelekea mjini na jioni kutoka mjini.