Kdenlive: ya apt au ya AppImage?

Ukisakinisha Kdenlive, programu ya kuhariri video, kwa apt (kisakinishi cha Ubuntu, mfumo endeshi wa Linux), inaazima maktaba za mfumo, yaani faili za msimbo ambazo programu nyingi hushiriki: faili moja, libavcodec, la kusoma na kuandika video, linaitumikia pia VLC, kichezaji video, iliyotoka hukohuko apt. Unaokoa nafasi, na kasoro ya usalama ikizibwa pale, zote zimepona. Kero huja ukipandisha mfumo hadi toleo jipya. Ubuntu 22.04 ina libavcodec.so.58 (58 ni namba ya toleo), 24.04 ina 60. Programu isiyotoka apt, iliyojengwa kwa 58, inalalamika faili halipo, haifunguki.

AppImage, programu nzima ndani ya faili moja unalopakua na kulifungua bila kusakinisha, hubeba maktaba zake yenyewe. Ni nzito, na marekebisho unayasubiri kwa watengenezaji, ila haigombani na jirani. Nikiwa katikati ya kuhariri video ya harusi, naichukua hiyo. Diski ndogo? Basi apt.