Matembezi ya njia ya wapagazi, Bagamoyo: uzoefu wangu

Nimezaliwa Tabora, na tangu utoto nimesikia kwamba babu zetu walikuwa wakishuka pwani kwa miguu wakiwa wapagazi, yaani wabeba mizigo wa misafara ya biashara. Mwezi uliopita nikalipia matembezi ya nusu siku Bagamoyo, yanayoanzia magofu ya Kaole, yanapita Mji Mkongwe na kuishia kwenye misheni ya Wakatoliki iliyoanzishwa mwaka 1868. Ni kama kilomita saba.

Nenda, ila sisitiza muanze alfajiri. Sisi gari la waandaaji lilichelewa, tukaondoka Kaole saa tatu, jua limeshapanda. Msafara wa karne ya 19 uling'oa kambi mapema asubuhi, ukatembea saa nne au tano, ukatua kabla joto halijakolea. Kutembea alasiri kuliitwa tirikeza, na kulifanywa pale maji yalipokuwa mbali: mnaondoka jua likianza kushuka, mnalala porini bila maji, kesho yake ndipo mnafika kisimani. Neno hilo nililielewa tulipoingia mjini chupa zote zikiwa tupu.

Kilichoyaokoa matembezi ni kiongozi wetu, kijana wa Kizaramo. Aliposikia mimi ni Mnyamwezi, papo hapo akaniita mtani. Akaeleza jinsi utani wetu ulivyostawi kwa sababu ya misafara: mtu aliye mbali na ndugu zake alihitaji wa kumpa chakula akiishiwa, na wa kumzika akifa ugenini. Nyumbani nimetaniwa maisha yangu yote, wala sikuwahi kulifikiria jambo hilo.

Mbele ya jengo la Caravan Serai, kituo cha zamani cha misafara, akanitwika gunia la frasila mbili, kama kilo 32. "Haya mtani, safari!" Nilifika kona ya barabara nikalitua. Huo ndio uliokuwa mzigo wa kawaida: merikani (kitambaa cha pamba), shanga na masango (nyaya za shaba) kwenda bara, pembe za ndovu kuja pwani. Ujiji, kando ya Ziwa Tanganyika, iko zaidi ya kilomita 1,000 kutoka pale, na kabla ya kufika kuna nyika ya Marenga Mkali pasipo na maji, kisha Ugogo ambako watawala walidai hongo, yaani ushuru wa njia, ndipo msafara upite. Kijana alikuwa makini kutenganisha mambo: mpagazi wa Kinyamwezi alikuwa mtu huru anayefanya kazi kwa ujira, na aliporudi kwao aliheshimiwa. Ila mateka waliofungwa minyororo nao waliletwa kwa njia hiyohiyo. Hapo alinyamaza kidogo, nasi tukanyamaza.

Kasoro kubwa ni kijitabu tunachopewa. Kimejaa wapelelezi wa Kizungu: Burton na Speke walioondoka pwani hii mwaka 1857, na Stanley wa mwaka 1871. Wapagazi wanatajwa kwa idadi tu, kama mizigo. Lakini bila kirangozi aliyejua njia na watu wa kubeba, hakuna hata mmoja kati ya hao ambaye angefika Ziwa Tanganyika.

Misheni ndipo hasa nilipoguswa. Livingstone, mmisionari na mpelelezi kutoka Uskoti, alifariki Mei 1873 kijijini kwa Chitambo, ambako leo ni Zambia. Watu wake, wakiongozwa na Susi na Chuma, waliukausha mwili wake, wakaubeba zaidi ya kilomita 1,500 hadi Bagamoyo, wakafika Februari 1874. Mwili ukalazwa katika kanisa dogo ambalo mnara wake bado umesimama. Halima, aliyekuwa mpishi, naye alikuwamo katika safari hiyo. Livingstone alipozikwa katika kanisa la Westminster Abbey, London, tarehe 18 Aprili, Susi na Chuma hawakuwapo. Kati ya wale waliombeba ni Jacob Wainwright peke yake aliyesafirishwa na jeneza hadi Uingereza.

Nilimwomba kijana ayataje tena majina hayo pale chini ya mnara, nikayaandika kwa kalamu kwenye kijitabu changu, juu ya picha ya Stanley. Julai ninarudi na mama yangu mdogo kutoka Tabora. Nimeshaagana na kijana: saa kumi na mbili kamili tuwe Kaole.