Paneli za PVC juu ya vigae vya zamani: uzoefu wangu wa miezi minane

Vigae vya bafu letu vilikuwa vya kahawia, vimepanda hadi sentimita 120 kutoka sakafuni, na grauti yake, ule ujazo wa kati ya kigae na kigae, ilishakuwa nyeusi ya kutosugulika. Kuvibomoa sikutaka. Kigae cha zamani mara nyingi hung'oka na plasta yake, ukajikuta unajenga ukuta upya. Nikachukua paneli za PVC, yaani za plastiki, za mistari, unene milimita 8, zile zinazofunika nusu ya chini ya ukuta na kumaliziwa kwa ukanda juu.

Niliziacha za MDF, yaani za ubao wa nyuzi za mbao zilizogandamizwa, ingawa ni nzuri zaidi kwa macho, mistari yake mikali na rangi inakaa vizuri. Ukingo wa MDF ukinywa maji huvimba na haurudi tena, na kule chini karibu na sakafu ya bafu maji hayakosekani. PVC haivimbi. Ila ukiisogelea taa ikiwa imewashwa, utaona ule mng'ao wa plastiki. Mimi nimeuzoea.

Kazi kubwa ilikuwa kwenye vigae vyenyewe. Paneli inashikwa na gundi, gundi inashika kigae, na kigae kikiwa kimelegea vyote vitashuka pamoja. Nilipita na mpini wa bisibisi nikigonga kimoja kimoja. Kilichoshika hutoa mlio mfupi, mzito. Kilicholegea hulia kama mtungi mtupu. Nilipata saba, vyote nyuma ya mlango. Nikavitoa, nikajaza mapengo kwa saruji mpaka usawa wa vigae vya jirani, nikasubiri ikauke kabisa. Kisha nikaosha. Vigae vya bafuni vina utando wa sabuni ambao huuoni kwa macho: nilisugua mara tatu, na ni mara ya tatu tu kitambaa cheupe kilipobaki cheupe. Nikamalizia na msasa namba 80 ili kuukwaruza ule uso laini, gundi ipate pa kung'ang'ania.

Paneli zililala siku mbili ndani ya nyumba kwanza zizoee joto. PVC hutanuka joto likipanda, kwa hiyo kila pembe niliacha nafasi ya milimita 3 hadi 5, nikaijaza silikoni. Gundi nayo soma kopo lake vizuri, kwa kuwa zenye viyeyusho vikali huweza kuila PVC. Paneli ya kwanza niliisimamisha kwa pimamaji, si kwa kufuata mistari ya vigae, na nashukuru, maana vigae vilikuwa vimepinda kuelekea dirishani.

Sasa malalamiko yangu, nayo ni ya ukanda wa juu. Muuzaji alinihakikishia kwamba unafaa ukuta wowote. Haufai ukuta wenye vigae! Vigae vyangu vimetokeza milimita 10 kutoka kwenye plasta. Ongeza gundi na paneli, unapata kama milimita 20. Ukanda wao una kina cha milimita 12. Ukisimama bafuni ulikuwa unaona ukingo wa kigae cha kahawia ukichungulia kuta zote nne. Niliurudisha, nikaambiwa pakiti ikishafunguliwa haipokelewi. Niliumia kweli, kwa sababu nilikuwa nimeuliza swali hilohilo kabla ya kulipa. Mwishowe seremala alinipasulia vipande vya mbao vya upana wa milimita 30, nikavipaka rangi ya mafuta pande zote, hata kwenye ncha zilizokatwa, kabla ya kuvibandika. Kwa hiyo pima kuanzia kwenye plasta. Na soketi zitahitaji skrubu ndefu zaidi, kwani ukuta umenenepa.

Sehemu ya kuogea sikuigusa, vigae vimebaki vilevile. Paneli za mistari zina maungio mengi, na maji yakishapenya nyuma hayana pa kutokea. Ukungu utakua humo bila wewe kujua. Kama ukuta wako tayari una unyevu au bomba linavuja, usianze na paneli. Tengeneza hilo kwanza.

Baada ya miezi minane hakuna iliyobanduka wala kugeuka rangi. Silikoni ya karibu na sinki ndiyo iliyoachia, na kosa ni langu, niliipaka ukuta haujakauka vizuri. Nimeitoa na kupaka upya. Mistari inakusanya vumbi, kwa hiyo kila wiki napita na brashi laini na maji ya sabuni. Nikifika nyuma ya mlango, pale palipokuwa na vile vigae saba, huwa nagonga kwa vidole kuanzia juu hadi chini. Mlio bado ni uleule, mfupi na mzito.